Jinsi ya Kutawala Ndoa kwa Kodi ya Meza

Anayetaka kumtawala mwenzake ndani ya nyumba hana haja ya kuinua mkono wala sauti. Pesa inatosha. Haiachi alama mwilini, haipigi kelele, na majirani wataendelea kumsifu kuwa ni baba mtulivu. Mbinu zenyewe zinajulikana Manzese na Masaki, kwa wasomi na kwa wasiosoma. Kilichokosekana ni mtu wa kuzipanga kama maelekezo, ili anayezitumia ajione na anayefanyiwa ajue kinachomtokea. Nimezipanga hapa, na nakuomba uzisome kwa hasira kidogo.

Anza na mshahara wako: usiutaje. Mke akiuliza, mwambie mambo magumu. Akiuliza tena, mwambie kwani umewahi kulala njaa? Ukikopa benki mkopo wa mshahara wa miaka 6, usimwambie pia. Makato yatakayoanza mwezi ujao utayaeleza kuwa ni hali ya uchumi. Watu hudhani siri hii ni ya kulinda pesa. Faida yake kubwa ni nyingine. Mtu asiyejua kinachoingia hawezi kupanga. Hawezi kusema mwaka huu tumalize choo, mwakani tumpeleke mtoto shule fulani. Anachoweza ni kuomba tu. Nyumba ikishafika hapo, mmoja ana mipango na mwingine ana maombi, na mwenye maombi siku zote huongea kwa sauti ya chini.

Kisha kodi ya meza, yaani hela ya matumizi ya nyumbani, iache kwa siku, usiiache kwa mwezi. Hapa ndipo kazi yenyewe inapofanyika, kwa hiyo naomba tukae kidogo. Mume anayeacha laki 3 tarehe mosi ameombwa mara moja. Anayeacha elfu 10 kila asubuhi, chini ya kopo la sukari, ametoa laki 3 ile ile lakini ameombwa mara 30, ameshukuriwa mara 30, na zipo asubuhi ambazo aliondoka kimya kwa sababu jana alijibiwa vibaya, na siku hiyo nyumba nzima ikajifunza adabu. Kwa hesabu ya jikoni utaratibu huu ni hasara tupu. Mafuta ya kupima yanakula hela kuliko dumu la lita 5, unga wa kilo ni ghali kuliko kiroba, mkaa wa kopo ni ghali kuliko gunia. Familia inalipa zaidi kwa chakula kile kile. Kinachonunuliwa na hiyo tofauti ni kuombwa.

Jioni uliza ile elfu 10 imeishaje. Mke atasimama mlangoni na kuanza kuhesabu kwa vidole: mchele 3,000, dagaa 2,000, nyanya na vitunguu 1,500, mafuta 1,500, mkaa 1,000, sabuni 500. Imefika 9,500. Na ile 500? Atakumbuka baada ya muda kwamba alimnunulia mtoto daftari. Mtu mzima, aliyesoma, pengine mwenye watoto wanne, anatoa maelezo ya shilingi 500 mbele ya mtoto aliyenunuliwa daftari, na mtoto anasikiliza. Anayeuliza amepitia baa akirudi na hakuna anayemuuliza ya kwake imeishaje. Nimeuona utaratibu huu kwa watu ninaowaheshimu, na sijapata kuona heshima ya mke ikiongezeka kutokana nao, wala ya mume.

Kuna wakati mke atataka kufanya kazi. Mume wa zamani alikataza. Wa leo ana akili zaidi, hakatazi. Anamwacha aajiriwe, anamsindikiza hata kwenye usaili, halafu mshahara wa kwanza ukiingia anasema neno moja: "Si na wewe unalipwa?" Kuanzia siku hiyo kodi ya meza inapungua, na ada ya shule inahamia upande wa pili wa kitanda. Hakuna ubaya kuchangia. Nyumba ni ya wawili. Ubaya upo kwenye namna ya kugawana vya kulipia, na hii ndiyo mbinu ninayotaka kila mke mwenye mshahara aijue kabla hajafunga hata mwaka mmoja kazini. Mke hupewa vitu vinavyoliwa. Mume huchukua vitu vinavyobaki.

Tufanye hesabu ya mfano. Mke analipwa laki 7 kwa mwezi, mume laki 9. Mke anatoa laki 3 za chakula, laki 1 na nusu za ada na sare, elfu 80 za dada wa kazi, elfu 60 za gesi na luku. Jumla ni 590,000. Zinabaki 110,000 za nauli, mafuta ya nywele na mama yake kijijini. Mume katika laki 9 zake anatoa laki 5 za ujenzi: mwezi huu tofali, mwezi ujao nondo, baadaye bati. Laki 4 nyingine ni za usafiri, wazazi, marafiki na dharura. Baada ya miaka 10 mume ameweka milioni 60 kwenye jengo. Mke ametoa milioni 70 na laki 8. Yeye ndiye aliyetoa zaidi! Ila milioni 60 za mume zimesimama pale, zina milango na madirisha, na ukizigonga zinalia. Milioni 70 za mke zimeliwa, zimevaliwa zikachakaa, zimeungua kwenye jiko. Sehemu nyingine imo vichwani mwa watoto, na mtoto aliyefaulu hubeba jina la baba yake.

Risiti nazo zimegawanyika vivyo hivyo. Saruji ina risiti na tofali zina risiti. Nani anaandikiwa risiti ya mchicha?

Ukienda kununua kiwanja, nenda naye. Hili linashangaza, lakini mbinu hii hufanya kazi vizuri zaidi mke akiwepo. Mnafika ofisi ya serikali ya mtaa, mwenyekiti anatoa karatasi ya mauziano, muuzaji anaandikwa, mnunuzi anaandikwa, halafu zinatafutwa sahihi za mashahidi. Mke, ambaye ndani ya bahasha ya malipo mna milioni 2 zake za kikoba, anaambiwa asaini hapa, mama. Anasaini kwa furaha. Jina lake limeingia kwenye mkataba, chini kabisa, kwenye mstari wa shahidi wa mnunuzi. Siku wakigombana, karatasi ile ile aliyokuwa akiitunza kabatini ndiyo itakayosema kwamba yeye alikuwepo mumewe aliponunua kiwanja cha mumewe. Wapo wanaokwenda mbali zaidi na kuandikisha kwa jina la mama mzazi au la mdogo wao, ili mke asiweze hata kubishana na mume. Atabishana na mama mkwe.

Kikoba, kile kikundi cha kuweka na kukopa, kinastahili maneno yake. Mke anakwenda na hisa zake kila wiki, anakopa mara tatu ya akiba, na mkopo unaingia kwenye boma la mume kwa sababu bati zimepanda bei na fundi yuko eneo la kazi. Marejesho ni ya mke. Jumatano kwa Jumatano anauza vitenge, maandazi, barafu, chochote, ili asiaibike mbele ya wenzake. Akizidiwa anakimbilia wale wakopeshaji wa mtaani tunaowaita kausha damu, wenye marejesho ya kila siku, na siku hiyo mume atamgombeza kwa kupenda mikopo. Lakini bati zimeshapigwa.

Shambani mbinu ni hiyo hiyo na ni ya zamani zaidi. Palizi ni ya mke na watoto, kuchuma ni kwa wote, lakini jina kwenye daftari la chama cha msingi ni moja, na malipo ya kahawa, pamba au korosho huingia kwa aliyeandikishwa. Msimu wa mauzo ukifika wapo akina baba wanaopotea mjini hadi hela ziishe. Wakirudi hupokewa, kwa sababu shamba ni lao na msimu ujao utahitaji palizi.

Tusijidanganye kwamba haya ni tabia mbaya ya watu wachache. Nchi nyingi ziliyaandika kwenye vitabu vya sheria. Mke wa Kifaransa alisubiri hadi 1965 ndipo sheria ikamruhusu kufanya kazi na kufungua akaunti ya benki bila idhini ya mumewe. Nchini Kongo, mke wa Lubumbashi au Bukavu aliishi chini ya Sheria ya Familia ya 1987 iliyomtaka apate idhini ya mume ndipo afanye jambo la kisheria; sharti hilo liliondolewa kwa marekebisho ya 2016. Kenya iligawa mali za wanandoa kwa kutumia sheria ya Uingereza ya 1882 mpaka ilipopata Sheria yake ya Mali ya Ndoa mwaka 2013.

Tanzania, kwa jambo hili, iliwatangulia majirani hao, na inasikitisha kwamba watu hawajui. Sheria ya Ndoa ya 1971 inasema mwanamke aliyeolewa anamiliki mali sawasawa na mwanamume. Kifungu cha 59 kinakataza mwenzi kuuza au kuweka rehani nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mwenzake. Kifungu cha 60 kinasema mali ikiwa kwa jina la mmoja itachukuliwa kuwa ni yake mpaka ithibitishwe vinginevyo, na ikiwa kwa majina ya wote wawili itachukuliwa kuwa wana haki sawa. Kifungu cha 114 kinaitaka mahakama, inapogawa mali iliyochumwa kwa nguvu za pamoja, itazame mchango wa kila mmoja kwa fedha, kwa mali au kwa kazi.

Hilo neno la mwisho, kazi, liligombaniwa sana. Majaji wengine waliona kupika na kulea ni wajibu tu wa mke, si mchango. Mwaka 1983 Mahakama ya Rufani, Jaji Mkuu Francis Nyalali akiwa kwenye kiti, iliamua katika kesi ya Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu kwamba kazi za nyumbani ni mchango katika kuchuma mali. Mwanamke mwenyewe hakuondoka na mgao, kwa kuwa mahakama iliona pesa alizopewa na mumewe kwa ajili ya mradi wa familia alizitapanya. Lakini mlango aliufungua, na maelfu ya wanawake wamepita hapo ambao hata jina lake hawalijui.

Sasa mbona mbinu zetu bado zinafaulu? Kwa sababu Mahakama ya Rufani imesema pia, mara kadhaa, kwamba kiasi cha mchango wa kila mmoja ni suala la ushahidi. Kenya ni hivyo hivyo: sheria ya 2013 inahesabu malezi, kazi za nyumbani na kazi za shamba kuwa mchango, lakini Mahakama ya Juu ilisema mwaka 2023 kwamba usawa wa wanandoa haumaanishi nusu kwa nusu moja kwa moja, kila mmoja athibitishe alichochangia. Majaji hawawezi kugawa wasichokiona. Rudi kwenye ile hesabu ya milioni 60 na milioni 70, uone nani anaingia mahakamani na faili na nani anaingia na kumbukumbu.

Benki nazo zina sehemu yao. Mkopeshaji anayechukua nyumba ya ndoa kama dhamana anatakiwa kupata ridhaa ya mwenza, ndiyo maana kuna ile fomu ya ridhaa. Huo ndio wakati adimu ambapo mume mwenye kauli zote hawezi kusogea bila sahihi ya mkewe. Mbinu yake ni haraka. Mletee karatasi usiku, amesimama jikoni, mwambie ni za benki tu, kesho asubuhi zinahitajika. Dada yangu, usisaini kitu umeshika mwiko. Osha mikono, kaa chini, soma ni kiasi gani, ni kwa miaka mingapi, na nyumba itakwenda wapi marejesho yakikwama. Mume mwema atasubiri siku moja.

Wanaume wana lalamiko lao, na silidharau. Wanasema hela ya mume ni yetu, hela ya mke ni yake. Kwa Waislamu hili lina msingi: nafaqa, yaani matunzo, ni wajibu wa mume, mahari ni ya bibi harusi mwenyewe, na mali ya mke hubaki yake. Bi Khadija alikuwa mfanyabiashara tajiri, na Mtume mwenyewe alianza kwa kumfanyia biashara zake. Wapo wake wanaoitumia kauli hiyo vibaya, wakificha mshahara mnono huku mume akikopa ada. Lakini wengi wanaoficha, wanaficha kwa sababu wamemwona mama, shangazi au dada akitolewa nyumbani na begi moja baada ya miaka 20. Mwanamke anayejenga kimyakimya huko Chanika bila mumewe kujua anafanya jambo linaloiumiza ndoa yake. Aliyemfundisha ni nani?

Mbinu hazina jinsia, zina pochi. Mume akipunguzwa kazini na mke akabaki ndiye mlipaji, maelekezo yote yaliyotangulia hufanya kazi kwa upande wa pili, tena kwa ukali. Mke anaacha hela ya nauli mezani na kuuliza ya jana imeishaje. Anasema mbele ya wageni kwamba nyumba hii ina mwanamume mmoja, naye ni yeye. Ndugu zake wanamwita shemeji yao marioo. Mume anaanza kutoka alfajiri na kurudi usiku ili tu asionekane ameketi, na hasemi na mtu. Sheria haimsaidii sana: kifungu cha 63 cha Sheria ya Ndoa kinampa mume wajibu wa kumtunza mke, na mke mwenye uwezo anatakiwa kumtunza mume ikiwa ugonjwa au jeraha limemzuia kutafuta riziki. Mume mzima asiye na kazi hakufikiriwa. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 nayo humpa mama siku 84 za likizo ya uzazi na baba siku 3. Siku 3 zinatosha kumtoa mzazi hospitali. Tunamfundisha mwanamume tangu mwanzo kwamba nyumbani anahesabika kwa anacholeta, kisha kinapokosekana tunamcheka. Hiyo ni dhuluma, na anayeifanya kwa sababu aliwahi kufanyiwa hajalipiza kisasi kwa yeyote isipokuwa watoto wanaotazama.

Kuivunja mitambo hii hakuhitaji semina. Kunahitaji kikao cha jioni moja, televisheni imezimwa, na hati za mishahara zote mbili juu ya meza. Asiye na hati aandike anachoingiza kwenye karatasi. Mikopo yote itajwe, hata ile ya kuaibisha. Kodi ya meza itolewe kwa mwezi au kwa wiki, ikae mahali ambapo wote wanaifikia. Kila mmoja awe na kiasi chake, hata kiwe elfu 20, ambacho haulizwi kimeishaje. Na vya kulipia vichanganywe: mume naye alipe chakula na ada, mke naye anunue saruji na bati, risiti ziandikwe jina lake. Asiye na mshahara, anayepika na kulea kutwa, aingie kwenye mkataba wa kiwanja kwa haki ile ile, kwa sababu serikali hutangaza kima cha chini cha mshahara wa mfanyakazi wa ndani na kazi hiyo haigeuki kuwa bure kwa kufanywa na mke.

Vijana mnaoandaa harusi, mmeshakaa vikao vingapi vya kamati kuhusu ukumbi na sare? Kaeni kimoja kuhusu hili.

Na wewe uliyeolewa au kuoa, ambaye mnajenga mwaka huu: leo hii toa mkataba wa kiwanja kabatini, usome mstari wa mnunuzi. Ukikuta jina moja, nendeni wote wawili mkaandikishe la pili kabla hamjanunua mfuko mwingine wa saruji.